Mtaro Usio na Mdomo

“Sasa hayo maji unayapeleka wapi? Nieleze taratibu, mimi kichwa kigumu.”

Cherehani, jirani mshona nguo, alikuwa amepanda kigoda upande wa chini wa ukuta, na kilichoonekana juu ya matofali ni kichwa chake peke yake, kama mtu amekianika pale kikauke. “Umechimba handaki zima ubavuni mwa ukuta wangu. Kichwa chake nimekiona, tumbo nimeliona. Miguu iko wapi?”

“Ukuta wetu,” Mama Wageni alimsahihisha. Alikuwa barazani anachambua mchele kwenye sinia na hakuinua macho. “Tulichanga wote. Na hiyo miguu utaiona kazi ikiisha. Mteja akikuta suruali mezani kwako ina mguu mmoja, anakwenda kukutangaza mtaani kwamba hujui kushona?”

Dada zake wawili waliokuwa wakimenya vitunguu walicheka mpaka mmoja akajifuta machozi, ya kicheko au ya vitunguu, hakuna aliyejua. Cherehani hakucheka.

“Mzee wangu analala nyuma ya ukuta huu,” alisema. “Ndio ukuta wa chumba chake. Kitanda chake na shimo lako, katikati ni tofali tu.”

“Na mimi ndiye nisiyejua? Wewe ukiwa kwenye mizunguko yako, sahani ya mchana anapitishiwa dirishani na nani? Na upepo?”

“Mvua ikinyesha je?”

“Mwezi huu? Hata vyura wamehama.”

“Usipoziba ufa, jirani...”

“Usinisomee methali za darasa la tatu. Ufa wenyewe uko wapi?”

Kichwa kiligeuka na kidevu kikaelekeza. “Hapo chini ya kamba yako ya nguo. Jana haukuwepo.” Kisha kikashuka, sauti yake ikabaki. “Napeleka mzigo wa sare kwa mteja, nitarudi jioni. Mlango nimeufunga kwa nje.”

Hilo la kufunga kwa nje lilikuwa na sababu yake. Mwaka uliopita wezi waliingia mchana kweupe wakabeba pasi na majora ya vitambaa, huku mzee, ambaye miguu ilishamkatalia, akiwaangalia kutoka kitandani na kuwauliza kama nyumbani hawajambo. Tangu hapo Cherehani alitia nondo dirishani na kufuli mlangoni, na ufunguo akauvaa shingoni.

Barazani wale dada wawili waliendelea kumwigiza Cherehani na kigoda chake, lakini Mama Wageni aliweka sinia chini. Alijifanya anakwenda kuanua nguo. Chini ya kamba, kwenye tofali la tatu kutoka juu, palikuwa na mstari mwembamba unaoteremka kwa mshazari mpaka ndani ya mtaro. Aliuwekea kucha. Kucha ikaingia.

Akaanua kanga moja tu na kurudi barazani akicheka kabla hata hajaulizwa.

Jina la Mama Wageni hakupewa bure. Nyumba yake ilikuwa haifungwi mlango. Aliyepita kuuliza njia alikunywa chai, aliyekuja kunywa chai alilala. Tatizo lilikuwa uwanja. Nyumba ilijengwa ubavuni mwa mteremko, na kila mvua maji ya majirani wote wa juu yalikuja kwake kama nayo yamesikia kwamba hapo hafukuzwi mtu. Yalituama chini ya kuta, plasta ikavimba na kudondoka, na wageni wakawa wanaruka kutoka tofali hadi tofali kuufikia mlango.

Ndipo akamwita Fundi. Fundi alizunguka nyumba akiwa na kamba na vigingi, akaeleza kazi yote kwa kuchora mchangani kwa kijiti. Mtaro utaanza nyuma ya nyumba, uzunguke jikoni, ushuke kando ya ukuta wa mpaka, ukate njia ya getini na kumwaga kwenye mfereji wa barabara. Ndani yake zitatandazwa kokoto, juu ya kokoto bomba lenye matundu lililovishwa kitambaa, kisha kokoto tena. Maji yatazama, yataingia bombani na kwenda zake.

“Ila mtaro huanzia mdomoni,” Fundi alisema. “Tunaanza kule getini, tunachimba tukipanda. Hata mvua ikitukuta katikati, maji yana pa kutokea.”

Hapo ndipo mambo yalipokwama. Njia ya getini ilikuwa na zege. Mama Wageni alilimwaga mwenyewe, akalisugua likawa laini kama uso wa meza, akalizungushia vijiwe vyeupe pembeni. Na wiki hiyohiyo mama mkwe wa binti yake alikuwa anakuja, kwa mara ya kwanza, kumwona mjukuu, kwani binti alikuja kujifungulia kwa mama yake. Mama yule alisifika kwa adabu na kwa viatu. Aje aruke shimo getini kama mbuzi?

“Anzia juu,” Mama Wageni alimwambia Fundi. “Geti tuliache mpaka wageni waondoke.”

“Mama, huo hautakuwa mtaro. Utakuwa karai.”

“Karai la siku chache tu, mwanangu. Kunywa chai.”

Fundi alikuwa hodari wa kila kitu isipokuwa kumkatalia mtu aliyemmiminia chai. Alianzia juu. Akachimba, akashuka kando ya ukuta, alipofika kwenye zege akasimama, akaegemeza sururu yake ukutani na kwenda kwenye kazi nyingine. “Ukiona wingu nipigie,” alisema. “Usingoje mvua. Wingu.”

Cherehani hakuambiwa lolote katika hayo. Kungekuwa na maneno, na Mama Wageni hakuwa na nafasi ya maneno, alikuwa na wageni.

*

Mama Mkwe alifika mchana wa siku hiyohiyo. Nyumba nzima ilikuwa inamwita Mama Mkwe kana kwamba kila mtu mle ndani ameolewa kwake. Alikuwa mwembamba, mtulivu, na alipita juu ya zege kwa viatu vyake vya ngozi bila kudaka hata punje ya vumbi. Mama Wageni aliyekuwa akimtazama kutoka mlangoni akajisikia kama amefaulu mtihani. Nyuma yake alikuja mwanawe, mkwe wa Mama Wageni, Pande, aliyeitwa hivyo kwa sababu alikuwa pande la mtu, amevaa suruali nyeupe.

Walikaa. Mtoto akapita mikono yote. Mama Wageni akaanza hadithi yake ya bwana harusi aliyesinzia kwenye sherehe yake mwenyewe, na kila alipofika penye utamu, kulisikika kutoka upande wa ukuta mgongano mdogo: ko, ko.

“Nini hicho?” Mama Mkwe aliuliza.

“Ni Mzee wa jirani, huyo. Kitanda chake kimeegemea ukuta wetu, anasikia kila kitu. Akigonga fimbo mara mbili anasema endelea.”

Wakacheka wote. Mama Wageni akageukia dirisha ampazie Mzee sauti, na ndipo alipoliona wingu.

Lilikuwa limeshakaa juu ya kilima, zito, rangi ya sufuria iliyoungua. Halikuonekana kusogea. Upepo ulikuwa umekatika na kuku wa jirani wa juu walikuwa wamenyamaza.

Alitoka na simu akisema anaangalia wali. Namba ya Fundi haikupatikana. Akapiga tena jikoni, akapiga tena nyuma ya nyumba karibu na mabomba yaliyorundikwa chini ya turubai. Haikupatikana. Alishuka kando ya mtaro na kuutazama kama anautazama leo kwa mara ya kwanza. Ulikuwa mrefu, safi, umenyooka. Ulishuka vizuri kabisa mpaka kwenye zege lake, na hapo ukagonga. Alienda chini ya kamba ya nguo. Kucha haikuwa kipimo tena. Kidole kizima kiliingia, na ndani kulikuwa na baridi.

“Karai,” alisema kwa sauti, peke yake.

Tone la kwanza lilimpiga shingoni.

*

Mvua ile haikuanza kwa manyunyu. Ilimwagwa. Ndani, bati lilikuwa linapiga kelele mpaka watu wakawa wanasogeleana kusemezana, na dada mkubwa akainua mikono na kusema mgeni wetu amekuja na baraka. Mama Wageni alitabasamu. Alimmiminia Mama Mkwe chai, kisha akajifunga kanga mabegani.

“Umepatwa na baridi, mama?” Mama Mkwe aliuliza.

“Kidogo tu.”

Kupitia dirishani aliyaona maji ya juu yakifika. Yalikuja rangi ya kahawia, yamebeba majani na kandambili moja, yakautafuta mtaro, yakauona, yakaingia. Hayakuwa na fujo. Hicho ndicho kilichomtisha. Angalau uwanja uliofurika hupiga kelele, watu wakatoka na mafagio. Mtaro ulikuwa unajaa kimya, kama mtu anayekula peke yake gizani.

Ko, ko.

Mgongano ule ulipenya katikati ya kelele za bati. Mzee alikuwa anadai mwisho wa hadithi. Kisha kimya. Kisha ukaja tena, si mara mbili. Ko, ko, ko, ko, bila kupumzika.

Mama Wageni alijifunika mfuko wa plastiki kichwani na kutoka. Maji yalikuwa yamebakiza kiganja kimoja mtaro ufurike. Alipiga magoti kwenye tope na kuweka mdomo wake karibu na ufa, kwa kuwa hapakuwa na mahali pengine pa kuwekea.

“Baba. Upo salama?”

“Nipo, mwanangu.” Sauti ilikuwa karibu mno. “Nani anamwaga maji huko?”

“Ni mvua, Baba.”

“Mvua naijua, huja kwa juu. Hii inaniingia ubavuni. Ukuta unatoka jasho. Blanketi limeshalowa.”

“Sogea mbali na ukuta.”

“Nisogee na nini?”

Alisimama. Sururu ya Fundi ilikuwa palepale alipoiegemeza. Akaichukua na kukimbilia getini, akainua kwa nguvu zake zote na kuishusha juu ya zege. Ikaruka na kumtikisa mpaka meno. Zege likabaki na alama nyeupe kama ya chaki. Akapiga tena. Alikuwa analia, lakini mvua ilikuwa inamsitiri.

Mkono mkubwa uliishika sururu kutoka nyuma. “Nipe, Mama,” Pande alisema. Suruali nyeupe ilikuwa imeshalowa magotini. Hakuuliza sababu, alitazama maji, akatazama ukuta, akaanza kupiga. Kipande kikatoka, kikatoka kingine. “Hili zege alimwaga nani? La daraja kabisa.”

“Mimi.”

Pande akaongeza bidii. Ufa ukapita katikati ya zege. Mama Wageni aliona kwamba kazi itawezekana, na papo hapo moyo ukaanza kumnong’oneza. Zege likivunjika, maji yatashuka. Yakishuka, ukuta utasimama. Cherehani atarudi jioni akute kila kitu kilivyokuwa, atapanda kigoda chake, na yeye atakuwa na jibu. Hakuna atakayejua. Bado kidogo tu.

Ndipo ukuta ukatoa sauti. Haikuwa kubwa. Ilikuwa kama mtu anayevunja vidole vyake kimoja kimoja. Mama Wageni aligeuka akaona safu ya juu ya matofali, ile aliyoizoea kuiona imenyooka kila asubuhi alipoanika nguo, sasa imepinda na kutoa tumbo upande wa chini.

“Nipe sururu,” alisema.

“Mama, bado kidogo, nikipiga hapa...”

“Lete. Mzee amefungiwa.”

*

Kwenda kwa Cherehani kulikuwa ni kutoka getini, kushuka na barabara, kukunja kona. Njia ambayo alikuwa akiipita na sahani mkononi huku akisalimia kila baraza, leo aliikimbia bila kiatu kimoja. Nyuma yake alimsikia Pande akihema.

Kufuli lilikuwa jipya. Pande alilipiga, likaning’inia tu. Akapiga tena, sururu ikateleza na kuchana ubao. Mama Wageni alibandika sikio mlangoni. Fimbo ilikuwa haigongi tena.

“Piga komeo,” alisema. “Kufuli liache. Piga linaposhika ubao.”

Komeo liling’oka na misumari yake. Ndani kulikuwa na giza na harufu ya udongo uliochimbwa sasa hivi. Walipita kwenye cherehani na vitambaa, wakafungua chumba cha nyuma. Mzee alikuwa amekaa katikati ya kitanda, fimbo magotini. Nyuma yake ukuta wote ulikuwa unang’aa, na maji yalikuwa yanatoka katikati ya matofali kwa nyuzi nyembamba, nyingi, kama mtu anashona kutoka upande wa pili.

“Leo umekuja bila sahani,” Mzee alisema. Midomo ilikuwa inamtetemeka.

Pande akachuchumaa, wakamlaza mgongoni mwake. Alikuwa mwepesi kama nguo.

“Redio yangu,” Mzee alisema.

“Baba, twende.”

“Iko chini ya mto.”

Kwa nini alirudi, Mama Wageni hakuweza kueleza baadaye, yeye aliyeweza kueleza kila kitu. Pengine ni mazoea ya kutomnyima mzee kitu. Aliingiza mkono chini ya mto, akaishika redio, na tofali moja likachomoka ukutani taratibu na kuanguka godoroni, palepale alipokuwa amekaa Mzee. Nyuma yake ukatoka mkono wa maji mnene, wa kahawia, ukampiga kifuani. Akakimbia.

Walikuwa barabarani ukuta uliposhuka. Alitegemea kishindo, lakini ilikuwa kama gunia la unga lililotupwa sakafuni na kufuatiwa na pumzi ndefu. Kisha mlangoni kwa Cherehani yakatoka maji, yakavuka kizingiti, yakateremka ngazi, yamebeba vifungo, chaki ya kuchorea vitambaa, na magurudumu ya nyuzi yaliyokuwa yanajifungua, nyekundu, bluu, njano, yakashika njia ya barabara.

Mzee aliyatazama kutoka mgongoni mwa Pande. “Mwanangu ataudhika,” alisema.

*

Mvua ilipopungua, Mama Wageni hakuingia kwake. Huko ndani dada zake walikuwa wamempokea Mzee. Mama Mkwe, kama alivyosimuliwa baadaye, ndiye aliyemvua sweta lililolowa na kumfunga blanketi la mtoto. Pande alirudi kwenye zege na sururu. Mama Wageni alisimama mlangoni kwa Cherehani, miguu ndani ya maji, redio kifuani. Mtaa mzima ulikuwa na midomo, na yeye aliijua yote kwa majina. Hakutaka Cherehani alipokee jambo hili kutoka kwa mdomo mwingine.

Alimwona akikunja kona na mfuko mtupu kichwani. Alimwona akiona mlango. Mfuko ukaanguka.

“Baba.”

“Yuko kwangu. Mzima. Hata mchubuko hana.”

Cherehani alimpita kama hakusikia. Mama Wageni alimfuata. Chumba cha nyuma kilikuwa na mwanga sasa, kwa maana upande mmoja haukuwepo. Matofali yalikuwa yamelala juu ya kitanda, yamerundikana zaidi katikati, na miguu ya kitanda ilikuwa imefunguka pande nne kama ya ndama anayejifunza kusimama. Mto peke yake ulikuwa mahali pake. Cherehani aliweka kiganja juu ya matofali, pale kifua cha mtu kingekuwa, na kukiacha hapo.

“Fundi aliniambia tuanzie getini,” Mama Wageni alisema. “Aliniambia ukikosa mdomo utakuwa karai. Nilikataa. Sikutaka wageni wangu waruke shimo. Ufa ulionionyesha asubuhi niliuona, nikaingia ndani nikacheka. Si Fundi. Ni mimi.”

Alisubiri. Alitamani amtukane, maana tusi angelijibu. Cherehani hakugeuka. Mabega yake yalikuwa yanapanda na kushuka.

“Angetokaje?” alisema mwishowe, kwa sauti ndogo. Mkono wake mwingine ulikuwa shingoni, umeushika ufunguo. “Mimi nikiwa kule napima viuno vya watu. Angetokaje?”

Mama Wageni alisogea karibu naye. Alimpa redio. Wakatoka, wakapanda na barabara, yeye mbele, Cherehani nyuma kwa hatua kadhaa kama anayefuata jeneza.

Getini Pande alikuwa amemaliza. Zege lilikuwa limepasuliwa katikati, vijiwe vyeupe vimetawanyika, na maji ya mtaro yalikuwa yanapita kwa kasi kuelekea barabarani, yakinguruma, kama yamekuwa yakiomba njia hiyo tangu mwanzo. Shimo lilikuwa pana kuliko hatua ya mtu. Cherehani alifika ukingoni akasimama. Taa ya barazani ilikuwa imewashwa, na kutoka ndani ilisikika sauti ya Mzee ikisimulia wezi wa pasi, na watu wakicheka kwa woga, kicheko cha watu walioponea chupuchupu.

Mama Wageni alifungua kinywa kumkaribisha. Neno alilolisema maisha yake yote, kwa wapita njia na kwa wadai, leo halikutoka. Angemkaribishaje mtu aliyemvunjia nyumba? Akasimama kando yake ukingoni, wote wawili wanatazama maji.

Mlango ulifunguka. Mama Mkwe alitoka barazani, peku, mikono ya gauni imekunjwa mpaka viwikoni. Alifika ukingoni, akapima shimo kwa macho, akakusanya gauni lake magotini na kuruka. Akatua upande wao kwenye tope, akayumba, akamshika Cherehani mkono ili asianguke, na hakuuachia.

“Wewe ndiye mwanawe,” alisema. “Amekataa kugusa sahani mpaka akuone. Na wewe, mama, umetuachia nyumba yako wageni watupu. Wali umeiva. Tuvukeni, mwingie mle.”